Duvi Hakukupiga

Mwanangu Mwanatumu,

Salamu nitakupa kwa mdomo kesho asubuhi, ukiwa bado wazitaka. Hapa naingia moja kwa moja, maana nikianza kuzunguka kutakucha sijasema kitu, na wajua mwenyewe mwandiko wangu wa gumbaru: mstari mmoja wanitoa jasho kama kutwanga.

Habari za sweta, za kutafuna thomu ukibanwa na kifua, za kutomfungulia moyo kila anayekuchekea, sikuandikii. Shangazi yako amezisema tangu Jumatatu mpaka mimi nisiyesafiri nimezihifadhi. Mimi nina jambo moja. Nimelikalia miaka kumi na miwili, na ukivuka feri kesho bila kulijua sitaweza tena kujitazama kwenye kioo.

Unakwenda nchi ya mbali kusini kwa watu wanaolinda fuo ambazo duvi, yule kasa wa kichwa kikubwa, hutaga mayai. Uliniambia kwamba katika barua yao walikitaja kisa chako, ati kiliwagusa: msichana wa Likoni aliyepigwa na duvi akiwa mdogo, akapoteza sikio la kushoto, kisha akakua, akamsamehe mnyama yule na kutaka kumlinda. Watakuomba ukisimulie tena mbele za watu. Nawe utasimama ukisimulie kwa sauti yako hiyo nzuri, na utakuwa unasema uongo pasipo kujua.

Duvi hakukupiga, Tumu. Nilikupiga mimi. Kwa mkono huu wa kulia, huu huu ulioshika kalamu.

Sasa kaa kitako usome mpaka mwisho. Ukitaka kuichana, ichane baadaye.

Ulikuwa mwaka ule wa mahindi ya njano, unga mweupe hauonekani dukani. Tulikuwa tukikaa nyuma ya Shelly Beach, chumba kimoja cha makuti, na samaki wangu wa kuuza nikiwakaangia humo humo ndani kwa kuwa nje upepo ulikuwa ukinizimia moto. Wewe ulikuwa na miaka saba na pumu. Ikikushika, mbavu zako zilikuwa zikiingia ndani hata nikaweza kuzihesabu kwa kidole, na mimi nilikuwa nikikaa nimekupakata nikingojea zije kutoka tena. Nilishazika wawili kabla yako. Hilo walijua, lakini hujui jinsi mtu aliyezika wawili anavyomsikiliza wa tatu akivuta pumzi.

Kwetu dawa ya pumu ilikuwa mafuta ya kasa. Mamangu alininywesha mimi, na mamake alimnywesha yeye. Na baba yako, Mungu amrehemu, alikuwa Mbajuni, akijua kumvua kasa kwa namna ya kwao, kwa chazo. Wakumbuka yule samaki mwembamba aliyekuwa akimfuga kwenye kidimbwi cha mawe, mwenye kifyonzi juu ya kichwa? Akimlisha kwa mkono, amemfunga kamba mkiani. Akimwona kasa baharini, humtupa chazo majini, chazo akaenda kujibandika kwenye gamba kwa kile kifyonzi, asibanduke. Hapo baba yako huvuta kamba polepole mpaka kasa akafika ubavuni mwa mtumbwi.

Nilimwambia, "Mtoto anakufa na wewe una chazo." Akaniambia kasa wamekatazwa na serikali, watu wanafungwa. Nikamtolea maneno ambayo hata humu siyaandiki, nikamtupia na sinia. Akaenda.

Alirudi adhuhuri na duvi. Kwetu duvi ni wa nadra, na baba yako hakumzoea, ndiyo maana alipomgeuza chali ndani ya mtumbwi alipitisha mkono karibu na kichwa. Duvi alimdaka kidole cha shahada akakikata, mfupa na nyama, kwa taya lisilo na jino hata moja. Wewe umekuja kunifundisha ukubwani kwamba kichwa kile kikubwa na taya lile ni vya kuvunjia makombe na kaa. Mimi nilijua kabla yako, kwa sababu nilikiosha kile kigutu. Baba yako alimtwanga duvi kichwani kwa kafi mpaka kafi likapasuka. Wote wawili waliingia uani wakichuruzika damu.

Tulimfunga mapezi yote manne kwa kamba ya makumbi, tukamlaza chali. Nilitaka kumchinja siku ile ile, lakini baba yako alipata homa ya lile jeraha, na duvi mzima si kazi ya mwanamke peke yake. Duvi akakaa uani siku mbili.

Siku mbili hizo wewe ukampenda. Ulikuwa ukichota maji ya kisimani kwa kikombe ukimmwagia, ukamfunika kwa gunia bichi, ukakaa kichwani pake ukimsomea Alhamdu uliyofunzwa chuoni. Ukaja kunivuta kanga ukaniambia, "Mama, analia." Nikaenda kumtazama nikaona kweli analia. Mwaka jana ulinieleza kwamba yale si machozi, ni chumvi ya bahari ambayo mwili wake huitolea machoni. Ahsante mwanangu, lakini siku ile mimi sikujua habari za chumvi. Nilijua analia, nikaenda kunoa kisu.

Siku ya tatu asubuhi baba yako aliweza kusimama. Tulimgeuza duvi upande wa kibla. Nikageuka kuchukua kisu, kurudi nikakukuta umelala juu yake, umemkumbatia, uso umeuficha kwenye gunia. Nikakuamuru uondoke. Ukasema, "Dawa siitaki, mama. Nimeshapona." Na ili nisiisikie pumu yako ulikuwa umeizuia pumzi. Midomo ilikuwa imekuwa ya samawati na bado umeizuia, mtoto wa miaka saba, unanionyesha kwamba umepona.

Nilipoona ile midomo nilipandwa na wazimu. Nilikuvuta mguu, ukashikilia. Nikakuvuta mkono, ukaniuma hapa kwenye kifundo, alama yake ungali ukiiona na mimi hukwambia ni ya mafuta ya moto. Nikakuzaba kofi. Halikuwa kofi la kumkanya mtoto, Tumu, lilikuwa kofi la kumpiga mtu mzima unayemchukia, nalo lilikupata sikioni lote. Ukaanguka ukajigonga kwenye ukingo wa gamba, na damu ikakutoka sikioni nyembamba mpaka shingoni.

Labda wafikiri niliacha kila kitu nikakubeba. Baba yako ndiye aliyekubeba, kwa mkono wake mmoja mzima. Hasira yangu ilikuwa haijaisha, nikaimalizia kwa duvi. Ngozi ya shingo yake ilikuwa nene, kisu kikawa kinateleza, nikaenda kuchukua shoka la kuni. Sikumbuki nilipiga mara ngapi. Nakumbuka mapezi yakivuta zile kamba kila nikipiga, na nakumbuka nilikuwa nikipiga kelele mpaka majirani wakaja kusimama mlangoni na hakuna aliyethubutu kuingia. Nikampasua ubao wa kifua, nikatoa mafuta, nikautoa na moyo nikauweka katika beseni. Moyo ule haukusimama. Ulidunda peke yake ndani ya beseni mpaka jua likawa utosini, wewe umelala mkekani hujitambui sawasawa, na mimi nakaa katikati yenu nachochea moto wa kuyeyushia mafuta.

Na hapa ndipo penye kosa kubwa kuliko kofi, kwa hivyo lisome vizuri.

Mafuta yalipoyeyuka nilikupa kijiko ukatapika. Kisha nikaona damu imekauka sikioni, moyo ukaniuma, nikataka kukutibu. Nikachovya pamba katika mafuta yale yale yakiwa vuguvugu, nikakukamulia ndani. Kila asubuhi na kila jioni, kwa mapenzi yangu yote, nilikutia sikioni mafuta ya yule duvi. Sikio likaanza kutoa usaha. Nikaongeza mafuta.

Siku ile ile, ulipozinduka, uliniuliza ni nini kilichokupiga. Ulikuwa umefumba macho, hukuona. Nikakwambia, "Kasa. Amekupiga kwa pezi lake." Neno lilinitoka tu. Baba yako alikuwa amesimama mlangoni, na mapezi yalikuwa uani, yangali na kamba zake. Aliyatazama, akanitazama, akatoka. Alikwenda mpaka kwenye kidimbwi akamkata chazo kamba, akamwachilia baharini. Baadaye akaingia ukuli wa bandarini kule Kipevu, na kasa hakumvua tena mpaka alipoingia kaburini na sukari yake. Kisa kile alinitajia mara moja tu maishani. Alisema, "Mwambie kabla hajatoka kwako." Nikamwambia ashughulike na miguu yake iliyovimba.

Sikio liliponuka hata wenzako wa chuoni wakawa wanakukwepa, ndipo nikakuvusha mjini kwa daktari. Akauliza mtoto amepatwa na nini. Nikasema kasa alinaswa kwenye jarife, wavuvi walipokuwa wakimwachilia ufuoni akampiga. Daktari akaniuliza kama tumetia kitu chochote sikioni. Nikasema hapana. Akaniuliza tena, kwa upole kabisa, "Mama, sikugombezi. Nataka kujua ninasafisha nini." Nikasema hatukutia kitu. Niliogopa, Tumu. Nilijua nikitaja mafuta ataniuliza ni ya nini, na nilijiona nimeshafungwa, na wewe umebaki na nani? Akaniambia ngozi ya ndani ya sikio ikipasuka huziba yenyewe, mradi iachwe kavu, hashangai kupasuka ila anashangaa kuoza. Akaendelea kulisafisha bila kujua anachokitafuta, na mimi nimekaa kando nimeshika mkoba wako. Tulipokwenda mara ya nne alisema halitasikia tena.

Daktari huyo huyo akaniuliza unalala wapi na mimi napikia wapi. Nilipomjibu akatikisa kichwa. Nikautoa moto nje, nikauzungushia mabati, na kabla mwaka haujaisha pumu ikakuacha. Ilikuwa moshi wangu muda wote. Duvi alikufa bure.

Najua utanitafutia udhuru, ndivyo ulivyo. Usinitafutie. Ni kweli mamangu alikuwa akinipiga kwa mwiko, na jino hili la mbele lililovunjika ni lake. Niliapa wangu sitawapiga, nikawapiga. Nilichokuja kukijua kuhusu nafsi yangu ni kidogo: mimi nikiogopa, napiga. Watu waniita mkali, na mimi nilikuwa nikijisifu kwa hilo, kumbe ni mwoga tu. Wewe ukiogopa wazuia pumzi. Nimekuona ukifanya hivyo siku ya mtihani, na siku ya kumzika baba yako, na leo mchana ulipokuwa ukifunga sanduku. Usiizuie, mwanangu, mbele ya mtu yeyote. Hata mbele yangu.

Wajua nilijifunza kusoma nikiwa mtu mzima. Kitabu cha gumbaru kilinichosha, nikachukua madaftari yako, na kitu cha kwanza nilichokisoma peke yangu bila mwalimu kilikuwa insha yako ya darasa la saba. Iliitwa "Siku Nisiyoisahau." Nikaisoma kwa kidole, neno kwa neno: kasa alinipiga kwa sababu alitaka kuishi. Mwalimu alikuandikia vizuri sana kwa kalamu nyekundu. Nikafunga daftari nikaenda kukwangua samaki.

Kisha ukaanza habari za kuzunguka ufuoni kutafuta viota vya kasa, kuvizungushia vijiti, kugombana na hoteli wazime taa ili watoto wa kasa wasipotee njia wakaelekea kwenye taa badala ya majini. Kila jioni ukinipa jipya. Ukaniambia duvi hutaga miaka mingi baada ya kuanguliwa, umri wa mtu kuwa na watoto wake wakubwa, na hurudi kutaga pande zile zile alikozaliwa. Ukaniambia mchanga ukiwa na joto hutoka wa kike, ukipoa hutoka wa kiume, nikakwambia kwa joto hili basi Likoni nzima tungekuwa wanawake, ukacheka hata ukapaliwa na chai. Nilikuwa nikicheka nawe. Nikibaki peke yangu nilikuwa nikihesabu umri wa yule duvi wangu.

Na siku ile ya yule jamaa mchimba mayai? Ulimkuta saa nne za asubuhi amekifukua kiota, mayai amejaza ndoo. Ukashika ndoo, akakusukuma ukaanguka kwenye mawe. Mimi nilikuwa nauza pale juu. Nilishuka na kisu changu cha samaki, na wallahi nilikuwa nakwenda kumtia tumboni, sikuwa na fikira nyingine kichwani. Nilishamkamata shati. Ukanishika mkono ukaniambia, "Weka kisu, mama. Kasa alinitia uziwi na nikamsamehe. Huyu amenisukuma tu." Watu walikusifu mpaka sokoni. Mimi nilirudi juu nikakunja biashara, sikuuza tena siku ile.

Mara moja uliniuliza kasa aliyefungwa mapezi anawezaje kumpiga mtu. Nikakwambia kamba ilikatika. Ulinitazama kidogo, ukaendelea kula. Sijui ulinyamaza kwa kuamini au kwa kunihurumia, na sikuwa na ujasiri wa kukuuliza.

Ndani ya bahasha hii pana kipande cha chuma. Kilikuwa kimebanwa kwenye pezi la mbele la yule duvi. Siku ile nilidhani ni hirizi ya mtu, nikakificha chini ya kanga zangu za harusi. Mwaka juzi ulinionyesha picha ya chuma kama hicho katika kitabu. Ukanieleza kwamba watu wa kusini huwabana nacho duvi wa kike wakipanda ufuoni kutaga, wapate kuwajua wakirudi, na kwamba wakishataga wengine hupanda na bahari mpaka huku kwetu kutafuta chakula. Basi yule alikuwa mama wa watu. Alitoka kwao, nchi ambayo wakati huo ilikuwa ya makaburu na sisi hata kuitaja tulikuwa hatuitaji, akaogelea safari yote hiyo, akaja kukutana na mimi.

Kichukue ukawape. Namba ingali yasomeka, nimeisugua kwa majivu. Usiwaambie umekiokota ufuoni. Waambie huyu alifika Likoni akauawa uani kwa shoka, na aliyemuua ni Mwanaidi binti Athumani, muuza samaki. Litaje jina lote. Wakiuliza kuhusu sikio lako, waambie hilo nalo. Ukiona nafasi yao umeipata kwa kisa cha uongo, shauri lako. Mimi nikijuavyo, duvi hakukuhesabia viota miaka mitatu juani, ulivihesabu mwenyewe.

Wewe msamaha wako ulimpa duvi, na duvi hakukukosea kitu. Aliyekukosea alikuwa akiula msamaha huo mezani pako kila siku, akishiba, akiosha mikono. Kama umebaki au umekwisha, sijui, na sikuulizi kwenye karatasi.

Ila kuna jambo moja hulijui. Umewahi kuona kwamba watu wote wa nyumba hii hukaa kuliani kwako, wapate kusikiwa, isipokuwa mimi? Umekuwa ukinitania kwamba mamako hajajifunza mpaka leo. Nilijifunza siku ya kwanza. Nilikaa kushoto kwa makusudi. Tukila, tukipanga foleni ya feri, ukilala na mimi nakusuka, miaka kumi na miwili nimekuwa nikilisema neno langu upande huo, polepole, mara nyingine kwa sauti kabisa, kwa sababu nilijua halitafika.

Barua hii siitii sandukuni uje uisomee mbali. Naiweka juu ya viatu vyako, ili uione kabla hujatoka. Ukitaka kwenda peke yako, pita mlango wa uani, sitakufuata wala sitakulaumu. Ukiniita, nitachukua sanduku lile zito, twende.

Na kwenye feri nitasimama kuliani kwako.

Mamako,
Mwanaidi